Kichupa cha Eutimo

Kwa Demea mashujaa huuzwa kama samaki wabichi:
asubuhi ghali, jioni chukua tu.
Mimi nimepewa mazimwi, kwa kuwa mkono wangu ni mwembamba
na magamba yanataka sindano, si nguvu.
Nimechana magamba ya joka la vichwa tisa
hadi jicho langu la kushoto likaanza kutoa machozi lenyewe.

Haya nilijifunza kwenye benchi, si hekaluni:
mvue Herakle ile ngozi ya simba,
mnyang'anye na rungu,
unabaki na mwanamume mwenye ndevu,
huenda ni muuza vitunguu.
Mteja atauliza, "Na huyu nani?"
Shujaa hajulikani kwa sura.
Hujulikana kwa mzoga aliojivika.
Hata mungu wa kike wa mji wetu, mwenye bundi na mzeituni,
amejibandika kifuani kichwa cha mwanamke aliyechinjwa
kama kidani cha arusi.

Na kichwa hicho nakijua kuliko uso wa mama yangu.
Pua pana, ulimi nje, meno ya nguruwe,
nyoka ishirini na wawili nikiwa na nafasi,
kumi na wanne Demea akinikemea.
Wengine wote kwenye vyungu hutazama pembeni.
Medusa peke yake hukutazama wewe.
Labda ndiyo maana wakamwita zimwi.

Eutimo alikuja mwezi wa kuvuna zabibu
na ngao ya babaye, shaba imebonyea ukingoni.
"Nichoree huyohuyo, anayetisha."
Alikuwa fundi viatu; vidole vilinuka nta.
Nje alikuwa amemfunga mbwa wake wa sikio moja,
na kila mara akimpigia mluzi, mbovu kweli,
ili ajue hajaachwa.
Nikamchorea nyoka ishirini na wawili.
Nikasema moyoni: zimwi likujualo halikuli likakwisha.

Filina, mama yake, alikuja kabla ya mvua za kwanza.
Hakulia. Alikagua rafu kama achaguaye makomamanga.
"Waliomleta," akasema, "wameniambia
wale wa upande wa pili nao walibeba uso uleule.
Ngao kwa ngao, ulimi kwa ulimi.
Sasa nani angemtisha nani?"

Demea akamshushia vichupa vya kaburini:
huyu ana upinde; huyu kapanda farasi mwenye mabawa;
huyu anamkaba mtu-fahali pembe,
bei nafuu, mkono umepinda kidogo.
Filina akatikisa kichwa.
"Mwanangu hakuua kitu. Labda kunguni."

Siku ile niliacha desturi.
Nilichora kigoda cha fundi, kiatu kimoja bila mwenzake,
na chini yake mbwa, sikio moja,
nikamgeuza uso atutazame sisi,
kama yule wa nyoka.
Demea akasema hakuna atakayeelewa,
mpita njia atadhani ni ngano ya kijiji fulani asichokijua,
na kwamba udongo na kuni zitakatwa kwenye ujira wangu.
Mfinyanzi hulia gaeni, wanasema.
Mimi hata gae nalilipia.

Kwetu matanuri na makaburi ni majirani,
moshi hauulizi unaelekea kwa nani.
Tuliziba tundu usiku, tukazibua alfajiri.
Kichupa kikatoka na ufa shingoni, mwembamba kama unywele.
Kingevuja mafuta. Demea alitaka kukitupa.

Filina alikipokea kwa mikono miwili,
akamtazama mbwa, muda mrefu,
kisha, sijui kwa nini, akakiinua mdomoni
akapuliza juu ya tundu lake.
Kikalia. Mluzi wenye mkwaruzo, nusu sauti, nusu hewa.

Kule nje, mlangoni,
kitu kilikokuwa kimelala kikasimama.